Kisa cha Komissar: mwongozaji aliyeambiwa abadili familia moja

Kisa chenyewe na mipaka yake

Uchambuzi huu unahusu uamuzi mmoja wa Aleksandr Askoldov, mwongozaji na mwandishi wa skripti wa Kirusi, kuhusu filamu yake Komissar (yaani "Kamisaa"), na yale yaliyompata kwa miaka ishirini iliyofuata. Nimeuandika kwa ajili ya waandishi na waongozaji wanaoanza, hasa mwenye filamu ya kwanza iliyo mikononi mwa watu wa kibali, anayeambiwa "badilisha hapa tu, kisha tutakupitisha."

Jina lake, jina la filamu na majina ya wasanii wakuu ni ya hadharani, kwa hiyo nimeyaacha. Wengine nimewaondolea utambulisho: wahariri wa studio, wajumbe wa vikao vilivyomhukumu, na familia iliyomhifadhi utotoni. Nawataja kwa nafasi walizokuwa nazo.

Usuli

Askoldov alizaliwa Moscow mwaka 1932. Baba yake alikuwa kamisaa wa siasa, yaani ofisa wa chama cha Kikomunisti anayesimamia siasa jeshini, katika vita vya wenyewe kwa wenyewe vilivyofuata Mapinduzi ya 1917, kisha akawa mkuu wa kiwanda huko Kyiv. Mwaka 1937, katika kamatakamata ya Stalin, baba alikamatwa na baadaye akapigwa risasi. Mama naye akachukuliwa. Askoldov mwenyewe alisimulia kwamba usiku ule, akiwa mtoto wa miaka mitano, aliwasikia waliokuja kumchukua mama yake wakisema watarudi kwa ajili ya mtoto. Hakuwasubiri. Alitoka peke yake akakatiza mji gizani mpaka kwa rafiki za wazazi wake, familia ya Kiyahudi, nao wakamficha hadi walipopata njia ya kumpeleka kwa bibi yake Moscow. Familia hiyo iliangamia Babi Yar, korongo la pembezoni mwa Kyiv ambako Wajerumani waliwaua Wayahudi zaidi ya 33,000 kwa siku mbili, tarehe 29 na 30 Septemba 1941.

Msomaji aliweke jambo hili akilini, kwa sababu bila hilo uamuzi wake unaweza kuonekana kama ukaidi wa msanii tu.

Hakuanzia kwenye kamera. Alisoma fasihi Chuo Kikuu cha Moscow, akawa miongoni mwa watafiti wa mwanzo wa kazi za mwandishi Mikhail Bulgakov wakati sehemu kubwa ya kazi hizo ilikuwa bado haijachapwa. Kisha aliingia serikalini: alikuwa msaidizi wa Waziri wa Utamaduni, Yekaterina Furtseva, akafanya kazi pia katika kamati ya taifa ya filamu, maarufu kwa jina la Goskino. Alikuwa upande wa pili wa meza, kule ambako miswada ya wengine inapitishwa au inakataliwa. Akiwa na miaka thelathini na kitu, aliacha ofisi akaenda Kozi za Juu za Waandishi wa Skripti na Waongozaji, Moscow. Filamu yake ya kwanza ndefu aliiandika na kuiongoza mwenyewe.

Aliichagua hadithi fupi ya mwandishi Vasily Grossman iliyochapwa mwaka 1934, kuhusu mji wa Berdychiv huko Ukraine. Kamisaa mwanamke wa Jeshi Jekundu, Klavdia Vavilova, amepata mimba katikati ya vile vita vya wenyewe kwa wenyewe na anapelekwa kujifungulia kwenye nyumba ya fundi bati Myahudi, Yefim Magazannik, mwenye mke, mama mzee na kundi la watoto. Mwanzoni wanachukiana. Mtoto anazaliwa, mwanamke yule aliyekuwa jiwe analainika, halafu adui anakaribia mji na yeye inabidi aamue kama atabaki na mwanawe au atarudi jeshini.

Chaguo hilo lilikuwa la akili. Grossman alikuwa amekufa mwaka 1964 akiwa na kidonda cha riwaya yake kuu kunyang'anywa na KGB, shirika la usalama la dola, mwaka 1961, lakini hadithi hii ilikuwa ya zamani, ilishachapwa, na Maxim Gorky mwenyewe, mwandishi aliyeheshimiwa sana na dola, alikuwa amemtia moyo mwandishi wake. Juu ya hayo, shujaa wake ni kamisaa, na mwaka 1967 nchi nzima ilikuwa inajiandaa kuadhimisha miaka hamsini ya Mapinduzi. Kwenye karatasi ilikuwa filamu ya sherehe. Studio ya Gorky ya Moscow, ileile ambako Ousmane Sembène wa Senegal alikuwa amejifunza kazi miaka michache kabla, ikaipokea.

Yaliyotokea

Askoldov alikusanya kikosi ambacho mtu wa filamu ya kwanza hukipata kwa nadra. Nonna Mordyukova, mmoja wa waigizaji wakubwa wa nchi ile, alikuwa kamisaa. Rolan Bykov alikuwa fundi bati, Raisa Nedashkovskaya mkewe, Maria. Vasily Shukshin, mwandishi na mwongozaji kwa haki yake mwenyewe, alicheza kamanda. Mpiga picha alikuwa Valery Ginzburg, muziki ukatungwa na Alfred Schnittke. Walipiga picha Ukraine, sehemu kubwa katika mji wa kale wa Kamianets-Podilskyi, kwa nyeusi na nyeupe.

Kabla filamu haijakamilika, mambo mawili yalikuwa yameshakwenda kombo.

La kwanza lilitokea mbali na studio. Juni 1967 Israeli na majirani zake wa Kiarabu walipigana vita vya siku sita, na tarehe 10 Umoja wa Kisovieti ukavunja uhusiano na Israeli. Kuanzia hapo, familia ya Kiyahudi iliyochorwa kwa upendo kwenye skrini ilisomwa kama tamko la kisiasa, hata kama kamera ilikuwa inaangalia ukoo wa mwaka 1920.

La pili lilitoka ndani ya filamu yenyewe. Filamu ya sherehe haikuonekana. Mapema kabisa Vavilova anaamuru askari wake aliyetoroka apigwe risasi. Kijana yule anasimama akiwa bado ameshika mtungi wa maziwa mikononi, na risasi zinapolia maziwa yanamwagika. Huo ndio utambulisho wetu kwa shujaa wa Mapinduzi. Baadaye, watoto wa fundi bati wanacheza uani, na mchezo wao ni kuigiza wavamizi wanaowashambulia Wayahudi: wanamkamata dada yao, wanamfunga, wanamtesa, na ukiwaangalia nyuso zao huoni tena mchezo.

Kisha inakuja onyesho la handaki. Mizinga inapiga mji. Familia imejificha chini ya nyumba, watoto wanatetemeka, na Yefim, ili wasisikie milipuko, anaanza kucheza ngoma. Mmoja mmoja wanainuka na kumfuata, mikono juu, kwenye kiza kile. Vavilova anawaangalia, na ghafla haoni tena handaki. Anaona uwanja wa mawe na watu wengi wanatembea polepole, nyota ya Kiyahudi imeshonwa kwenye nguo zao, wanapita chini ya tao kuelekea kule wasikorudi. Yefim na watoto wake wamo. Mtu wa mwaka 1920 anaona miaka ya 1940.

Kwa Grossman onyesho hilo halipo wala lisingeweza kuwepo, kwa sababu aliandika mwaka 1934. Lakini mama yake mzazi aliuawa na Wajerumani Berdychiv kwenyewe mwaka 1941. Askoldov aliirudishia hadithi kile ambacho historia ilikuwa imekiongeza baada ya kuchapwa.

Goskino ilipoiona filamu ilitoa orodha ya masharti. Vavilova atengenezwe awe shujaa zaidi na Mapinduzi yawe na uso mwema zaidi. Onyesho la Wayahudi kupelekwa mauaji liondolewe. Na kubwa kuliko yote: familia ya Magazannik isiwe ya Kiyahudi, ipewe kabila jingine.

Askoldov akakataa.

Maamuzi na sababu zake

Ili kuelewa uzito wa kukataa huko, lazima ujue mfumo ulivyofanya kazi. Skripti ilisomwa na bodi ya wahariri wa studio, ikapanda Goskino, ikarudi na maoni. Picha zilikaguliwa zikiwa bado zinapigwa. Filamu ilipokamilika ilipewa daraja, na daraja liliamua malipo ya watengenezaji na idadi ya nakala zitakazosambazwa nchini. Kila hatua ilikuwa na nafasi ya kupatana, na karibu kila mtu alipatana. Unakata dakika mbili, unaongeza sentensi, unabadili jina la filamu, mambo yanakwisha. Askoldov aliujua mfumo huu kutoka ndani kuliko waongozaji wenzake wengi.

Kwa nini basi hakupatana? Naona sababu mbili zilizoshikana.

Moja ni ya ufundi. Ondoa Uyahudi wa familia ile na hakuna filamu tena. Mchezo wa watoto uani hauna maana, handaki halina maana, chuki ya mwanzo kati ya kamisaa na wenyeji wake inabaki kugombania chumba. Hata mwisho unavunjika. Vavilova anamwacha mwanawe kwa Maria na Yefim, anakimbilia kikosi kinachoondoka, na mtazamaji anajua jambo ambalo yeye alilionja handakini tu: kwamba amemwacha mtoto kwa watu ambao miaka ishirini baadaye watapelekwa kuuawa. Hilo ndilo linaloupa mwisho uchungu wake. Wakaguzi walikuwa wanaomba kuondolewa nguzo, na yeye kama mwandishi aliijua nguzo ni ipi.

Sababu ya pili ni usiku ule wa Kyiv. Katika nchi iliyokuwa ikiwataja waliouawa Babi Yar kama "raia wa Kisovieti" bila kusema kwa nini waliuawa (hata mnara uliosimamishwa pale mwaka 1976 haukutaja Wayahudi), kubadili kabila la Magazannik kungekuwa kuwafuta mara ya pili watu waliomfungulia mlango.

Hakuishia kukataa. Alipigana, akawaandikia wakubwa wa chama, akabishana vikaoni kama mtu anayeamini kuwa kosa la ofisi litarekebishwa na ofisi ya juu yake. Umaarufu wa Mordyukova na Bykov haukumsaidia kitu.

Matokeo

Filamu ilifungiwa. Askoldov alifukuzwa studio kwa kigezo cha kutofaa kitaaluma, akavuliwa uanachama wa chama cha Kikomunisti, akashtakiwa kwa kosa la kuishi bila kazi na kuondolewa Moscow. Aliambiwa hataongoza tena filamu ya hadithi, na kwamba filamu yake imeteketezwa. Hilo la mwisho halikuwa kweli, nakala ilisalimika, lakini aliishi miaka mingi akiwa ameambiwa hivyo.

Miaka ya 1970 alipata kazi ya kutengeneza filamu mbili za hali halisi kuhusu ujenzi wa kiwanda cha malori cha KamAZ. Baadaye alikuwa mkuu wa ukumbi wa matamasha wa Rossiya, Moscow. Mtu mwenye uwezo wa kulitengeneza onyesho la handaki alikuwa anapanga ratiba za wanamuziki.

Mei 1986, chini ya Gorbachev, mkutano mkuu wa tano wa chama cha watengenezaji filamu uliwang'oa viongozi wa zamani na kumchagua mwongozaji Elem Klimov. Iliundwa tume ya kupitia filamu zilizofungiwa, na moja baada ya nyingine zikaanza kutoka. Komissar haikutoka. Mwaka mzima ulipita, wenzake wanapongezwa, yeye bado. Julai 1987, wakati wa Tamasha la Kimataifa la Filamu la Moscow, kwenye mkutano na waandishi wa habari ambako filamu zilizofunguliwa zilikuwa zikizungumziwa mbele ya wageni wa dunia nzima, Askoldov aliomba kusema. Aliwaambia kuna filamu moja bado imefungiwa, na ni yake. Siku chache hazikupita ikaonyeshwa.

Februari 1988 ilipewa Dubu wa Fedha, tuzo maalumu ya majaji, kwenye tamasha la Berlin, na mwaka huohuo ikaingia kumbi za sinema za Kisovieti. Ilizunguka dunia. Askoldov alikuwa na miaka 55. Aliishi Ujerumani na Sweden, akafundisha filamu, akatoa riwaya mwaka 1998, na akafariki Göteborg mwaka 2018. Filamu ya pili ya hadithi hakuitengeneza.

Uchambuzi: alichokiona sawasawa

Alitofautisha sharti linalopunguza na sharti linaloua. Wengi wanaoanza hushindwa hapo: hugombania kila picha, wakifika kwenye picha yenyewe hawana nguvu tena, au hukubali kila kitu hadi wanajikuta na filamu ambayo wao wenyewe hawana hamu ya kuiona. Andrei Tarkovsky, katika miaka hiyohiyo, aliipunguza filamu yake kuhusu mchoraji Andrei Rublev kutoka dakika 205 hadi 186, na akasema toleo fupi analipenda zaidi. Ilikaa hadi mwishoni mwa 1971 ndipo ikaonyeshwa nchini, lakini uti wa mgongo wake haukuguswa. Tarkovsky aliweza kukata kwa sababu alichoombwa kingeweza kukatwa. Askoldov hakuwa na nafasi hiyo kwenye sharti lile kubwa, na nadhani angelikubali tusingekuwa na sababu ya kuizungumza Komissar leo.

Vilevile aliijua saa yake. Mkutano ule wa 1987 haukuwa hasira za mtu aliyechoka. Palikuwa na wageni, palikuwa na kalamu za nchi nyingi, na palikuwa na serikali iliyokuwa imejigamba kwamba imefungua milango. Angelisema maneno yaleyale mwaka mmoja nyuma, ofisini, yangelifia ofisini.

Uchambuzi: kilichomwangusha

Sikubaliani na wanaosema ushujaa wake ndio uliomgharimu kazi. Wengine nao walifungiwa na bado wakaendelea. Andrei Konchalovsky alifungiwa filamu yake ya kijijini ya mwaka huohuo 1967, iliyokuja kuonekana miaka ishirini baadaye. Yeye akahamia kwenye kazi za waandishi wa zamani, Turgenev na Chekhov, na kufikia 1970 alikuwa ameshatoa filamu nyingine mbili. Aleksei German alifungiwa filamu yake ya vita mwaka 1971 kwa miaka kumi na tano, lakini mwaka 1976 alikuwa ameshatengeneza nyingine. Mfumo ulikuwa uleule, na makosa mbele ya wakubwa yalikuwa yaleyale: kuchafua sura ya vita, kuchafua sura ya wananchi.

Tofauti ninayoiona ni nyumba. German alikuwa mtoto wa Lenfilm, studio ya Leningrad iliyokuwa na desturi ya kuwakinga watu wake. Filamu ilienda kabatini, mtu akabaki kwenye orodha ya mishahara. Konchalovsky alikuwa na kazi zilizotangulia, jina, na familia yenye uzito mkubwa huko juu. Askoldov alikuwa mgeni. Aliingia Studio ya Gorky kutoka ofisi za serikali, akiwa na filamu moja, bila mwalimu mwenye nguvu wa kumsimamia na bila wenzake waliokua naye kikazi. Ilipofika siku ya kikao, studio haikuwa na hasara ya kumtoa. Kumtoa kulikuwa njia rahisi ya studio kujisafisha.

Nafikiri hata kuujua mfumo kulimponza. Aliyewahi kukaa kwenye meza ya wakaguzi huamini kuwa hoja nzuri itasikika, kwa kuwa yeye alipokuwa pale alizisikiliza hoja. Akaweka nguvu zake zote kwenye barua na mabishano. Hakuwa na skripti ya pili inayosubiri, hakuwa na studio nyingine ya jamhuri ya pembezoni iliyomkaribisha, kama ilivyokuwa desturi ya waongozaji wengine waliobanwa Moscow. Alibeba kila kitu kwenye filamu moja, na filamu ilipofungiwa alifungiwa nayo.

Kwa hiyo kwa anayeanza, swali la kujiuliza kabla ya kutengeneza filamu ya namna hii ni nani atasimama kikaoni siku wewe hutakiwi kusema. Tafuta watu hao wakati mambo bado ni mazuri. Andika kitu cha pili kabla cha kwanza hakijakaguliwa. Na hakikisha nakala yako ipo mahali zaidi ya pamoja: Komissar tunayo kwa sababu watu wa hifadhi hawakutekeleza kile mwongozaji alichoambiwa kimetekelezwa.

Kuna hasara moja ambayo tuzo ya Berlin haikuifidia. Komissar ina makosa ya filamu ya kwanza. Vavilova anapojifungua tunapewa njozi juu ya njozi: askari wanakokota mzinga mchangani, askari wanafyeka mchanga kwa miundu, farasi wanakimbia bila wapandaji. Picha ni nzuri mno zenyewe, lakini ni nyingi, na zinapunguza kasi ya mwanamke aliye kitandani, ambaye uso wa Mordyukova pekee ungetosha. Handakini, kinyume chake, ana wazo moja tu na analiacha lifanye kazi. Ukizitazama sehemu hizo mbili kwa kufuatana unaona mwongozaji anayejifunza ndani ya filamu ileile, anaanza kujua ni lini picha moja inatosha. Konchalovsky na German walipata nafasi ya kuyapeleka mafunzo ya namna hiyo kwenye filamu iliyofuata. Askoldov aliyapeleka KamAZ, kwenye ujenzi wa kiwanda cha malori.